Tone la Nta kwenye Injili ya Haykanush

Varsenik alipokuwa na miaka ishirini na tisa, maktaba ya taifa haikuwa na fundi mwenye mkono mwepesi kama wake. Injili za kale za Kiarmenia, zilizoandikwa kwa mkono juu ya ngozi na kupambwa kwa dhahabu, zilimfikia zimeliwa na ukungu, naye akazirudishia uso.

Mwaka ule alipewa Injili ya ukoo wa Bibi Haykanush. Kwa vizazi kumi na kimoja kitabu kile kilikuwa mtakatifu wa nyumba yao. Hakikusomwa, maana hakuna aliyejua kukisoma. Kilifungwa kwa vitambaa saba, kikawashiwa mishumaa, kikabusiwa. Paa la nyumba lilipoanza kuvuja, bibi alikikabidhi maktaba, akashika desturi ya wote waliotoa vitabu vyao: kila mwaka baada ya Pasaka alipanda basi kuja kukijulia hali, na mkate mtamu kikapuni. Bawabu alizoea kumtania kuwa mgonjwa wake amelala salama, ila chakula cha hapa anakikataa. Bibi humjibu kwamba hata yeye angekataa kulishwa na mwanamume asiyejua kunyoa.

Varsenik alikuta picha ya Mama Maria imechujuka kwa mabusu na, pembeni mwake, tone la nta gumu kama kokwa. Kanuni ilimtaka aulize kabla ya kuondoa chochote. Hakuuliza, kwake ilikuwa taka tu. Aliipasha moto kidogo, akaikwangua kwa kisu chembamba, akafuta masizi kwa pamba, ukurasa ukang'aa.

Bibi alipokuja, macho yake yalikuwa yameshafifia. Alinawa mikono, akapitisha kidole pembeni mwa picha. Akakirudisha, akapitisha tena.

"Hiki si chetu," alisema.

Mkuu wa idara akamsomea namba, muhuri, hati ya makabidhiano. Bibi akasema hati haibusiwi. Tone lile alilidondosha mama yake siku waliyokimbia kwao, mkono ukimtetemeka, na kidole chake kilikuwa kinalijua kabla ulimi haujajua kusema. Wamwambie tu wamemuuzia nani.

Neno moja la Varsenik lingetosha. Lakini asubuhi ileile mkuu alikuwa ameisifu kazi yake mbele ya wote, basi akainamia meza, akajifanya anapanga brashi. Bibi akaondoka. Pasaka iliyofuata hakuonekana.

Kiangazi Varsenik alimfuata kijijini, akamkuta akianika aprikoti. Alimweleza yote kwa kusimama.

Bibi alinyamaza kitambo. "Kwa hiyo ni chetu."

"Ni chenu, bibi."

"Ungeniacha niamini kimeibiwa, binti yangu. Cha wizi kiko mahali. Mwaka mzima nimemwomba Mungu akirudishe. Sasa nimwombe nini?"

Kisha akamsogezea kigoda na sahani ya aprikoti, kwa kuwa mgeni ni mgeni. Varsenik alikula, ingawa koo lilikataa.

Amefanya kazi miaka ishirini na sita tangu hapo. Wanafunzi wake wanamnong'ona kuwa ni mwoga: nta haigusi, masizi hayagusi, hata alama ya kidole chenye mafuta huiandikia kurasa mbili kwanza. Injili ile hajawahi kuomba aletewe tena.