Mikono ya Baba Siku ya Mbio za Vijiti

Juzi hapa Lodwar, siku ya michezo katika shule ninayofundisha, msichana mmoja alinipita akiwa amejipaka miguuni ile dawa ya kuchua misuli, ile yenye harufu kali inayopanda puani mpaka machozi yanakulenga. Walimu wenzangu walidhani nimeingiwa na vumbi. Halikuwa vumbi, wala haikuwa huzuni. Ulikuwa wivu, tena wivu wa zamani, ambao nilidhani umeshaniacha siku nyingi.

Hiyo ndiyo iliyokuwa harufu ya kaka yangu Ebei kila alipokuja nyumbani likizo. Sisi wengine tulinuka moshi, maziwa na mbuzi, na hakuna aliyeona ajabu. Yeye alishuka kwenye lori akiwa na viatu, soksi zilizovutwa mpaka magotini, na miguu inayonuka dawa kama zahanati. Mama aliinama kumnusa, akacheka, akamwita jirani naye aje anuse. Mimi nilikaa kando na mbuzi wangu nikijifanya kwamba kuna mmoja anachechemea.

Inabidi niwaeleze jinsi Ebei alivyofika shuleni, maana ndipo lilipoanzia donge langu. Kwetu upande wa Kaaleng, wazee walikuwa na namna yao ya kumchagua mtoto wa kupelekwa shule. Chifu akisumbua sana, mzee aliwatazama watoto wake mmoja mmoja, kisha akamtoa yule ambaye mifugo ingepona bila yeye. Mtoto mwenye macho, anayejua kila mbuzi kwa rangi na kwa kovu, huyo hakutolewa. Na Ebei hakuwa na macho. Alipewa mbuzi asubuhi, akaanza kushindana mbio na mbwa, na alipokumbuka kugeuka mbuzi walikuwa wameshakwenda zao. Alipoteza mara ya kwanza, akachapwa. Akapoteza tena. Siku alipopoteza beberu, baba hakumchapa. Alisema tu, "Huyu mpelekeni shule. Labda huko hakuna cha kupoteza." Watu walicheka mpaka jioni.

Basi Ebei akapelekwa Kakuma kwa shangazi yetu Asekon, dada yake baba, aliyeuza sukari na majani ya chai sokoni. Mimi nikakabidhiwa mbuzi wake.

Sasa niambieni, haki ilikuwa wapi hapo? Mimi niliyefanya kazi vizuri nikaachwa juani na fimbo na kibuyu cha maji. Yeye aliyeharibu akapewa dawati, daftari na uji wa saa nne. Wivu ulinikaba hasa. Kuna wakati niliamua nami nipoteze mbuzi mmoja, ili baba aone kwamba sifai. Nilimfunga korongoni, nikaondoka na wengine. Jua halijatua nilikuwa nimesharudi mbio kumfungua, nikimwomba msamaha kama mtu. Sikuweza. Nilikuwa na macho, na macho hayo yalikuwa yameniponza.

Ebei, kumbe, mchezo ule wa kushindana na mbwa ulikuwa umemfundisha kitu. Shuleni alikimbia, akawashinda wa Kakuma, akawashinda wa Lodwar, akachukuliwa kwenda kufanya mazoezi nyanda za juu kwenye baridi. Habari zake zilitufikia kwa madereva wa malori. Baba alizisikiliza kama anavyosikiliza habari za mvua ya nchi nyingine. Kisha ikaja habari kwamba amechaguliwa timu ya taifa, atakimbia katika mashindano ya dunia, zile mbio za wanaume wanne za kupokezana vijiti, kila mmoja mita mia nne.

Shangazi Asekon alipanda lori akaja mwenyewe. Alikuwa mwanamke wa soko, hakuzoea kukataliwa, na akiwa na jambo zito alikiacha Kiturkana kidogo akaingia Kiswahili ili lionekane la serikali. Alinivuta pembeni akaninong'oneza, "Wewe Akai, nyamaza tu. Mzee akiona huyu kijana kwa TV, akishinda, atajua shule iko na maana. Halafu mimi nitamwambia, sasa leta na huyu msichana. Umeskia? Omba Ebei ashinde."

Hapo ndipo palipokuwa pagumu. Kuanzia siku ile nilitakiwa kumwombea ushindi mtu niliyemwonea wivu kuliko wote chini ya jua. Niliomba, lakini kwa kinywa kizito. Nilitaka ashinde nipate shule, na nilitaka ajikwae mbele ya baba angalau kidogo, apakwe vumbi kwenye zile soksi.

Baba alikubali kwenda Kakuma, akisema anataka kuona bei za sokoni. Alichukua fimbo yake na ekicholong, kile kigoda kidogo ambacho mzee wa Kiturkana haachi nyuma, hukikalia mchana na kulaza kichwa juu yake usiku. Nikachukuliwa na mimi, kwa ujanja wa shangazi. Tulisafiri juu ya lori pamoja na mbuzi wa wafanyabiashara, na njia nzima baba alikuwa akiwakosoa.

Runinga ilikuwa katika kibanda cha video ndani ya kambi ya wakimbizi, cha Mkongomani mmoja aliyeitwa Papa Bahati. Kilikuwa cha mabati na turubai, na nyuma yake jenereta ilinguruma na kutema moshi. Kule kwenye mashindano kulikuwa usiku na taa zinawaka. Kwetu jua lilikuwa bado linachoma mabati. Kibanda kilijaa vijana wa Sudan Kusini, warefu, wamekunja magoti kwenye mabenchi, Wasomali wawili wa duka la jirani, na Waturkana kutoka mjini waliokuja kumwona mtoto wao. Papa Bahati alimwona baba akasafisha nafasi mbele.

"Mzee, ikala hapa. Ni mutoto yako atakimbia? Basi uko mukubwa leo."

Baba hakuelewa hata neno moja, lakini alielewa nafasi ya mbele. Akaweka kigoda chake, akakaa. Mimi nilikaa chini karibu na mguu wake.

Wakaonyeshwa wakimbiaji mmoja mmoja. Uso wa Ebei ulipotokea, mkubwa kuliko uso wa mtu yeyote niliyewahi kumwona, kibanda kililipuka. Kijana mmoja nyuma akapiga kelele, "Msee wa Kakuma huyo! Ako fiti!" Nilitaka kumwambia kwamba si wa Kakuma, ni wa kwetu, halafu nikajishangaa. Shangazi alijifunika leso usoni akaanza kusali kwa sauti, na hakuifunua mpaka mbio zilipokwisha. Mpaka leo husimulia mbio zile vizuri kuliko waliozitazama.

Wa kwanza wetu alianza vibaya. Alimfikia Ebei akiwa na watu wengi mbele yake. Ebei akapokea kijiti.

Sasa hapa niwaambie ukweli: mimi sikuona mbio za kaka yangu. Nilikuwa namtazama baba. Nilitaka kuona kama atamtazama Ebei kwa namna ambayo hakuwahi kunitazama mimi, na kama ni hivyo, nilitaka nijue ni kwa kiasi gani. Watu walikuwa wakiruka na kupiga mabati. Kila jicho lilikuwa kwenye runinga, ila langu.

Baba aliinuka. Alisimama polepole, akaiacha fimbo ikaanguka chini, akainua mikono yote miwili juu ya kichwa, akaikunja, viganja vimetazama ndani. Kila Mturkana anajua hiyo ni nini. Ni pembe. Mwanamume huwa na maksai wake mmoja ampendaye kuliko ng'ombe wote, ambaye humpa jina na kumwimbia. Na akicheza wimbo huo huinua mikono kwa umbo la pembe zake. Maksai wa baba aliitwa Lomeri, mwenye madoadoa, pembe ya kushoto imeshuka kidogo. Alikufa kwa kiangazi nikiwa mdogo sana, na tangu siku hiyo hakuna aliyemwona baba akiinua mikono, si kwenye harusi wala kwenye ngoma. Sasa alikuwa ameiinua, mkono wa kushoto umeshuka kidogo, midomo inacheza. Katika kelele zile hakuna aliyesikia. Mimi nilikuwa mguuni pake. Nilisikia jina la Lomeri, na baada yake jina la Ebei, mara mbili, katika wimbo uleule.

Mimi niliwachunga mbuzi wake kiangazi na masika, na hakuna mkono hata mmoja ulioinuliwa kwa ajili yangu.

Kisha Ebei akamfikia wa tatu, akampa kijiti, akaanguka pembeni akihema. Baba akashusha mikono. Alikuwa amechanganyikiwa kabisa.

"Kwa nini amempa yule mtu fimbo yake?"

Kwa baba, mwanamume hamwachii mwingine fimbo yake akiwa bado ana nguvu. Anayeiachia ni mgonjwa au amekwisha. Mzee mmoja wa mjini alimweleza kwa Kiturkana kwamba fimbo ni moja na watu ni wanne, kwamba Ebei amewapita wote akabakiza mmoja tu, na sasa kazi ni ya wenzake. Baba akakaa, akaokota fimbo yake, akatazama kwa makini. Wa tatu alishikilia. Wa mwisho alipitwa kwenye kona, akapitwa tena karibu kabisa na mstari. Tukawa wa nne. Papa Bahati alipiga paji la uso, "Aa, bametuibia! Hapa hapa mulangoni!" Wa nne hapandi jukwaani, hapewi kitu.

Ikabaki jenereta tu inasema. Ndipo baba akanena, kwa sauti ya mtu anayetoa hukumu ya mifugo.

"Kijana alileta vizuri. Wakampa asiye na macho amalizie." Akaniwekea mkono kichwani. "Wangemweka Akai mwisho. Huyu hapotezi."

Waturkana wote wakacheka wakapiga makofi. Nami, wenzangu, nilipanda mbinguni. Nilimshinda Ebei mbele ya Kakuma nzima. Shangazi akafunua leso, akaona hapo ndipo pa kuingilia. "Si ndiyo hiyo, kaka yangu! Basi msichana kama huyu mwache aende shule."

Baba alimtazama kama mtu aliyeulizwa swali la kitoto. "Asiyepoteza nimpeleke shule? Nani abaki?"

Kesho yake nilikuwa juu ya lori, narudi kwa mbuzi. Nilikuwa nimesifiwa na kufungwa kwa neno lilelile, na sikuwa na akili ya kutenganisha viwili hivyo. Ile mikono sikumwambia mtu. Niliona kwamba Ebei ana viatu, ana runinga, ana Kakuma, hilo asilipate. Yale maneno ya baba, kwa upande wake, yalienea. Sokoni ikawa utani, mtu akidondosha kitu anaambiwa, "Wangemweka Akai." Shangazi akamsimulia Ebei kwenye simu, akidhani atacheka.

Shule nilikuja kuipata baadaye, pale kiangazi kilipomaliza mbuzi na hakukuwa tena na cha kuchunga. Nilikaa darasani Kakuma, msichana mrefu, kati ya watoto walionifika kiunoni.

Baba alifariki mwaka jana. Baada ya mazishi Ebei alikuja kwangu hapa Lodwar. Siku hizi anafundisha wakimbiaji, ameanza kuota kitambi, na tunataniana vizuri. Lakini siku ile aliiacha chai ikampoea, kisha akasema bila kunitazama:

"Wewe ulibakizwa, Akai. Mimi nilitolewa. Ningeacha mbio zote, kama mzee angesema juu yangu lile alilosema juu yako."

Nilishika kikombe nisijue pa kukiweka. Mtu niliyemwonea wivu utoto wangu wote alikuwa huko Kakuma, na viatu vyake, akinionea wivu mimi. Alijua kwa hakika ni mtoto yupi aliyetakiwa nyumbani.

Nikamwambia kuhusu mikono. Alitikisa kichwa. "Usinipoze, dada. Shangazi alikuwepo, hakusema." Nikamwambia shangazi alikuwa ndani ya leso. Nikamwambia kila mtu alikuwa anamtazama yeye, mimi peke yangu ndiye niliyemtazama baba. Bado hakuniamini, na kwa nini aamini? Hapo ndipo nilipoelewa kwamba wivu ndio uliokuwa umenitunzia kila kitu. Mtu aliyempenda tu Ebei siku ile angetazama mbio kama wengine, na leo asingekuwa na cha kumpa.

Nikaweka kikombe chini. Nikasimama katikati ya ua, mwalimu mzima, mama wa watoto, nikainua mikono juu ya kichwa, jambo ambalo wanawake kwetu hatulifanyi, nikaushusha wa kushoto kidogo, nikaimba jina la Lomeri na baada yake jina lake, mara mbili, kama nilivyosikia. Watoto wa jirani walikuja mlangoni kuchungulia.

Ebei alifuta uso kwa kiganja, akaniomba nirudie.