Mwezi Mmoja kwa Kuuliza

Siku moja nilikwenda barazani Bariadi kuandikisha baiskeli yangu, nikakuta kesi ya blanketi lililoibwa dukani. Mwarabu mwenye duka alipewa kiti. Wataturu wawili, wafugaji, walikalishwa sakafuni.

"Mwizi ni yupi?" hakimu akauliza.

Mwarabu akapeleka kidole huku na huku. "Mmojawapo, Bwana Hakimu. Wataturu wote wamefanana."

Karani hakuuliza jina. Aliandika "Mtaturu", na tarishi akamshika aliyekuwa karibu na mlango.

Yule mtu akamwonyesha mwenye duka, akasema kwa Kiswahili cha kuombea maji: "Bwana, Mwarabu mmoja akiniibia ndama, mimi nitakamata huyu?"

Sisi Wasukuma tuliojaa kwenye mabenchi tukaangua kicheko. Mimi pia nilicheka, na naona aibu mpaka leo. Hakimu hakucheka. Alimpa miezi miwili kwa blanketi, na mmoja kwa kukosa adabu.

Kisha karani yule yule akaandikisha baiskeli yangu. Aliandika aina yake, rangi yake na namba yake yote, akaisoma mara mbili, isije siku moja ikakamatwa baiskeli isiyohusika.