Nilitafuta programu ya kuchora jiko, nikapoteza picha za marehemu mke wangu

Wakuu, salamu kutoka Bujumbura. Haya yamenipata mwenyewe na sijatia chumvi.

Mimi ni seremala, natengeneza makabati ya jikoni. Naishi Mutanga Nord, peke yangu tangu mke wangu afariki. Hatukujaliwa watoto.

Mama mmoja wa Kigobe, mwalimu mstaafu, aliniomba nimuonyeshe jiko lake kwenye kompyuta kabla sijakata mbao. Niliona aibu kumwambia kwamba mimi huchora kwa penseli.

Nikaingia mtandaoni. Nikakuta programu ambayo kwa kawaida huuzwa, pale wanaitoa bure. Vitufe vya download vitatu, vyote kijani. Maelekezo yakasema nizime antivirus kwanza.

Nikaizima, nikapakua. Mnaweza kunicheka, sawa tu.

Asubuhi yake hakuna faili lililofunguka kwenye laptop; kirusi kilikuwa kimeyafunga yote. Picha zote za mke wangu zilikuwa humo, pamoja na video fupi ananigombeza kwa kumrekodi akipika lengalenga, mchicha wa huku kwetu. Sauti yake nilikuwa nayo hapo tu.

Nikaipeleka laptop kwa fundi kijana mjini, Rohero. Akaikagua muda mrefu.

"Papa, mi siwezi kukudanganya. Hizi hazirudi. Uko na copie fasi ingine?"

"Apana." Nakala ya pili sikuwa nayo popote.

Nilipotoka nikashika simu nimpigie mtu. Nikapitia majina mpaka mwisho, nikairudisha mfukoni. Niliyezoea kumwambia mambo kama haya ndiye huyo huyo niliyempoteza.

Kesho yake nikaenda Kigobe kumwambia yule mama ukweli wote. Hakunilaumu.

"Ungesema tu, fundi. Leta hiyo penseli."

Nikachora mezani kwake. Akaniambia nimuwekee meza ndogo ya mtu mmoja dirishani, kwa kuwa mume wake naye alishatangulia. Nikachora. Akaiangalia, kisha akasema:

"Apana, weka ya watu wawili. Siku ingine utapita kuangalia kama milango inafunga vizuri, utakunywa chai."

Jiko limekwisha, na chai nimeshakunywa mara mbili. Nyumbani bado kimya ni kile kile.

Nilichojifunza: programu ichukueni kwenye tovuti ya walioitengeneza, anwani muisome herufi kwa herufi. Ukiambiwa uzime antivirus, funga ukurasa, uondoke. Yule kijana wa Rohero alinionyesha pia zile za kuchorea ndani ya browser bila kupakua kitu, na kwa jiko la kawaida zinatosha kabisa. Siku hizi ndizo natumia.

Na kabla ya yote hayo, leo hii, nakilini picha za watu wenu muziweke sehemu ya pili.

Mafundi wenzangu, nyie mnachorea nini? Na kama kuna aliyewahi kurudishiwa mafaili yaliyofungwa namna hii, aniandikie hapa. Ile laptop sijaifuta.