Tumelima

Asteria wa Mkumbi alikuwa na kazi ambayo mama yake, Vitalia, hakujua aiiteje mbele ya watu. Akiulizwa nje ya kanisa alijibu, "Yuko kwenye mambo ya kusimamasimama."

Hakukosea sana. Tangu atoke chuoni, Asteria alikuwa akitunga michezo isiyo na hadithi, ya kuonyesha mzigo wa wanawake. Kule Mbamba Bay aliwahi kusimama ziwani asubuhi nzima, maji kiunoni, ndoo kichwani, bila kusema neno. Watu wakadhani ni dhehebu jipya. Akina mama wawili wakavua viatu, wakapanga foleni nyuma yake kungoja ubatizo.

Hayo aliyavumilia. Lililomkaa rohoni ni kwamba mama yake hakuwahi kutazama mchezo wake hata mmoja hadi mwisho. Kila mara katikati alikumbuka mbuzi, akaondoka. Safari hii Asteria aliapa: mama akiondoka tena, basi sanaa kwaheri, atafungua genge la nyanya.

Mchezo wenyewe uliitwa "Tumelima". Jukwaa lilikuwa kipande cha mteremko nyuma ya ofisi ya kata. Bernadi, mwigizaji mwenzake, alikuwa amekata nyasi na kuzilaza miraba miraba, kama wanaume wafanyavyo wakianza ngoro, yale mashimo ya Wamatengo yanayozuia mvua isiondoke na udongo. Akamaliza, akaketi kwenye kiti na kikombe cha togwa. Kazi iliyobaki ni ya mwanamke: kuchimba na kuzifukia nyasi. Asteria akaifanya polepole, kama mtu alimaye ndotoni, na kila jembe liliposhuka Bernadi alitamka neno lake la pekee.

"Tumelima."

Wanaume wakacheka. Mama Vitalia, mstari wa mbele, akakunja uso.

"Tumelima."

Mama Vitalia akasimama. Asteria akawaza: Mbuzi hao.

"Mama, kaa, nakuomba," akanong'ona, akiuharibu ukimya alioufanyia mazoezi mwezi mzima.

"Nikaeje? Udongo unautupa wapi, mwanangu? Mvua ikija, shimo hilo linahamia kwa jirani! Hebu lete jembe."

Akalinyakua. Nyuma yake wanawake waliokuwa wamepitia hapo wakitoka shambani wakaokota majembe yao. "Tumsaidie mtoto wa Vitalia," alisema mmoja, "aibu gani hii!" Mteremko mzima ukageuka mashimo, vumbi na matani. Asteria akasogezwa pembeni akaokote mawe.

Bernadi, mtu mwaminifu kwa maandishi, akaendelea, "Tumelima."

Mama Vitalia akainuka, jembe begani. "Wewe na nani?"

Swali hilo halikuwemo kwenye mchezo. "Tume..." akaanza Bernadi.

"Malizia!" wakapaza sauti wanawake wote.

"Mmelima," akasema, akakificha kikombe nyuma ya mgongo.

Kicheko kilichofuata kiliwatimua kunguru kwenye paa la ofisi.

Mama Vitalia akajifuta jasho kwa khanga. "Haya, shamba tayari. Huo mchezo wako unaanza saa ngapi?"

"Umekwisha, mama."

"Umekwisha? Na mbuzi nimewasahau!" Akayatazama mashimo, akamtazama binti yake, akatikisa kichwa. "Si mbaya. Kesho njoo ucheze kule Namswea, kwenye shamba langu. Na huyu kijana aje. Ila kiti kibaki."