Pua Iliyopakwa Chokaa

Sisi tuliong'oka meno ya utoto bendera ya Mjerumani ikipepea bomani tumebaki wachache, na katika hao wachache mimi ndiye niliyesafiri kidogo kuliko wote. Wenzangu walifika Tabora, Tanga, wengine hata Mombasa. Mimi nilikuwa na Pua, ikanitosha.

Pua ni ile ncha ya mawe inayochomoza kutoka vilimani, magharibi ya Zuzu, ikajiingiza bondeni. Masika bonde likijaa, maji huizunguka pande tatu na kambare hufika hadi miguuni pake. Kiangazi maji hukauka ukabaki udongo mweupe wenye chumvi. Ukubwani, mwalimu aliponionyesha rasi kwenye ramani, nilimwambia hiyo naijua, tunayo nyumbani. Baadaye nilipelekwa pwani, mara moja tu, nikaiona rasi yenyewe. Ilikuwa Pua ileile, ila maji yake hayana adabu ya kukauka.

Mjerumani alipoikuta, Pua ilikuwa na kazi zake tayari. Mama zetu walikwangua udongo wa chumvi pembeni yake, wakauchuja kwenye vibuyu vilivyotobolewa, wakachemsha, na harufu ya ule mvuke ilikaa kwenye nguo hadi masika. Ng'ombe waliramba mawe. Wazee, mvua ikichelewa, walipeleka kondoo mweusi kule nchani, na sisi tulikatazwa kuchungulia, kwa hiyo tulichungulia. Na ubavuni palikuwa na mteremko laini uliosuguliwa na makalio ya vizazi vingi. Unakaa juu ya kipande cha ngozi ya mbuzi, unajiachia, unatua kwenye chumvi. Ngozi ya mbuzi ikitoboka, unatumia yako. Wajukuu zangu wakikwaruzika goti hupelekwa zahanati wakarudi na bandeji kama majeruhi wa vita. Sisi tulipakwa mate ya bibi, tukapewa ugali wa uwele na mlenda unaovutika kutoka chunguni hadi mdomoni bila kukatika, tukapona.

Basi akaja bwana mpimaji, Mzungu mwembamba mwenye darubini ya miguu mitatu, akitafuta njia ya kupitisha reli. Akapiga kambi upande wa kusini wa bonde. Lile jiwe kubwa la nchani, refu kama tembe mbili zilizopandana, akaamuru lipakwe chokaa lote, ili alione akiwa kambini na kulitumia kupimia. Na kwa kuwa nyumba yetu ndiyo ilikuwa karibu, baba akapewa ulinzi wa jiwe. Agizo lilikuwa fupi: likichafuka, hamsa ishirini. Vijana wa leo hamjui. Ni viboko ishirini na tano, vya ngozi ya kiboko hasa, na mtu alivipokea amelala kifudifudi mbele ya watu. Pua ikawa mali ya serikali. Mteremkoni tukafukuzwa, na mfukuzaji akawa baba yangu mwenyewe.

Mwaka huo mvua ikachelewa. Mtama ulichipua kwa umande, ukatutazama, ukalala. Bibi, mama yake baba, akawa kila asubuhi anasimama juu ya paa la tembe, anatazama mashariki mvua inakotokea, kisha anatazama jiwe, kisha anamtazama mwanawe.

"Mvua ni nyeusi," alimwambia. "Tunaiita kwa kondoo mweusi, kwa kaniki. Wewe umeiwekea jiwe jeupe mlangoni. Ingekuwa wewe ungeingia?"

"Mama, mgongo ni wangu."

"Na matumbo ni ya watoto."

Walibishana hivyo siku tatu, na sisi tukawa tunakula mlenda huku tukitega masikio. Siku ya nne bibi akaja na shauri lake. Mzungu yuko kusini, mvua inatoka mashariki. Kwani lazima wote watazame upande mmoja? Upande wa kusini ubaki na chokaa yake, ule wa mashariki upakwe masizi. Kila mgeni aone uso anaoupenda. Baba akakuna kichwa, mwisho akasema sawa, ila kwanza mtu aende mpaka kambini akaangalie kama weusi unaonekana kutoka kule.

Mtu huyo alikuwa mimi.

Mchana wa jua kali, wazee wa kiume wamelala, kina mama wakapanda na masizi ya vyungu yaliyokorogwa kwa mafuta ya nyonyo, wakapaka. Mimi nikashika njia. Toka zamani, wenzangu, miguu yangu ilikuwa na kasoro moja: nikiacha kuona paa la nyumbani, inaniuliza tunakwenda wapi. Katikati ya njia palikuwa na kichaka cha mswaki chenye kivuli kizuri. Nikakaa. Nikageuka nikatazama jiwe: jeupe tupu, kama yai. Nikajiambia, kama halionekani hapa, litaonekanaje mbali zaidi? Nikatafuna kijiti, nikasinzia kidogo ili muda utimie, nikarudi.

"Halionekani," nikamwambia baba. "Ulifika?" "Nilifika." Alinishika kichwa, akasema mimi sasa ni mtu mzima. Sitasahau uzito wa ule mkono.

Kumbe njia ile inapinda. Kutoka kichakani unaona uso wa jiwe wa kusini na wa magharibi tu. Ukifika kambini ndipo ukingo wa mashariki unajitokeza, na weusi wote wa bibi unaning'inia pale kama ulimi wa ng'ombe.

Kesho yake, jua halijapanda sana, akaja askari kutoka kambini. Alikuwa Mhehe, na Mhehe na sisi Wagogo ni watani, hata akiwa amevaa vifungo vya shaba vya serikali. Bibi alimwona kwa mbali akapaza sauti: "Fungeni mbwa! Mtani amekuja na njaa!"

Askari hakucheka. "Mbwa wako hana nyama, bibi. Anafanana na wewe. Mwenye jiwe yuko wapi?"

Baba akatoka. Askari akamwambia kwamba mpishi wa kambi ameona jiwe limeota ndevu, na kwamba bwana mpimaji yuko porini na kamba zake, atarudi jua likikaribia kuzama. Akirudi huwa anatazama darubini kwanza, ndipo anakula. "Akiliona hivi, mimi ndiye nitakayeambiwa nipige. Na mimi sipigi kwa utani."

Baba alianza kufungua nguo yake begani, taratibu, kama mtu anayejipima. Mgongo wake ulikuwa mweusi, umenyooka, unang'aa kwa jasho. Ulikuwa hauna hata mchubuko.

"Lakini tulituma mtu aangalie," bibi akasema, na utani ulikuwa umemtoka sautini. "Alifika kambini, akasema halionekani."

"Nani huyo?" askari akauliza. "Jana kambini hakufika mtu. Nilikuwa zamu kutwa."

Ningeweza kunyamaza. Nilikuwa nyuma ya bibi, na bibi alikuwa mpana. Lakini baba aligeuka akanitazama, si kwa hasira, ila kwa namna ya mtu anayeomba nimwambie kuwa askari anakosea. Hapo ndipo nililia. "Nilifika kichakani tu," nikasema.

Askari akanitazama kuanzia vidoleni hadi utosini. "Haya, mfalme wa vichaka, leo utafika. Utasimama palepale penye darubini. Baba yako atafuta na kupaka chokaa iliyobaki. Weusi ukiwa bado unaonekana, utatia majani mabichi kwenye moto wa mpishi, utoke moshi. Ukiisha, usitie kitu. Na wewe bibi, ukinipa hii kazi tena nitakuja kukuoa."

"Mahari yangu huiwezi," bibi akamjibu, na tayari alikuwa anabeba maji.

Nilikwenda. Nilipita kichaka changu bila kukitazama. Paa la nyumbani likapotea, nikaendelea. Mpishi, mtu wa Mrima, kule pwani, aliyevaa kanzu yenye masizi kuliko jiwe letu, aliniuliza kama mimi ndiye mwana wa ile rasi yenye ndevu. Hapo ndipo neno rasi nililisikia mara ya kwanza. Nikasimama. Ule ukingo mweusi ulikuwa pale, wazi kabisa. Nikatia majani, moshi ukapanda. Vitu viwili vidogo kama siafu vilisogea juu ya jiwe. Mmoja nilimjua kwa upana wake. Ukingo ukapungua. Nikatia majani. Ukapungua tena. Mpishi alilalamika kuwa wali wa bwana utanuka moshi, nikatia majani tena. Kutwa nzima sikukaa chini.

Vumbi la msafara wa bwana mpimaji lilipotokea, palikuwa pamebaki utepe mwembamba kama uzi. Nikatia mafungu mawili kwa pamoja. Uzi ukafutika. Mzungu akaja, akainamia darubini, akafunga jicho moja, akakaa hivyo muda ambao kwangu ulikuwa mrefu kuliko kiangazi chote. Kisha akaandika kitu, akaitisha chakula. Askari alipita karibu nami akinong'ona: "Nenda nyumbani, mtani. Na usipumzike njiani."

Nilikuta baba amekaa kizingitini, mikono imechubuka kwa chokaa. Alinigeuzia mgongo, akaniambia, "Shika." Nikashika. Ulikuwa laini na wa moto. "Basi," akasema, "kesho utachunga mbuzi."

Mvua ilikuja baadaye, ikasafisha jiwe pande zote, chokaa na mabaki ya masizi, likabaki na rangi lililoumbwa nayo. Bibi alisema ni masizi yake yaliyoita. Bwana mpimaji alikuwa ameshahamia mbele na darubini yake, hakuuliza.

Reli ilipofika, walilipasua jiwe lile kwa baruti, na mteremko wetu pamoja nalo, wakatandaza kokoto chini ya mataruma. Pua iliyobaki ni fupi, kama imepigwa ngumi. Jumapili vijana huenda pale na redio zao na suruali zilizobana, wakapigwa picha wameegemea mawe, wakarudi na kiu. Mvua ikichelewa wanasikiliza redio. Hakuna anayegombana na mama yake juu ya mvua.

Baba alizikwa uzeeni na mgongo uleule. Wazee wenzangu mnajua hiyo ilikuwa na maana gani. Wakati wa kumwosha, wanaume wa rika lake walipita mmoja mmoja kuutazama, kisha wakashusha nguo zao vizuri mabegani, makovu yao yasionekane. Juzi nilimsimulia mjukuu wangu kwamba baba yangu alikwenda kaburini na mgongo laini. Alipunguza sauti ya redio, kwa heshima, akaniuliza, "Kwani babu, migongo ya wengine ilikuwaje?"

Nilimtazama, kijana mzima, ndevu zinaanza, na hajui. Nikamwambia apandishe redio, tusikie habari za mvua.