Harufu Ilipokata

Nimefundisha kemia sekondari miaka ishirini na kidogo, na sijapata kuona jibu linalokaririwa kirahisi kama hili: gesi ya haidrojeni salfaidi inanuka kama mayai viza. Mwanafunzi anaweza asijue hata salfa yenyewe ina rangi gani, lakini mayai viza anayajua. Hata walioishia kidato cha pili, ukikutana nao stendi ya Buzuruga wakiuza mahindi ya kuchoma, wanakumbuka. "Shikamoo mwalimu! Bado mnafundisha mayai viza?" Tunacheka. Nilikuwa nacheka, niseme hivyo. Siku hizi nikilisikia hilo jibu sicheki, kwa sababu shemeji yangu, mdogo wake mume wangu, alilifia. Na aliyempa ni mimi.

Ngoja nieleze, maana sisi watu wa kemia tuna ugonjwa wa kudhani kila mtu anatuelewa. Salfa ni ule unga wa njano ambao wazee wanauita kiberiti upele, unaochanganywa na mafuta ukapakwa penye kuwasha. Ikishikana na oksijeni ya kutosha inakuwa salfeti, kitu kitulivu tu. Kimo kwenye mbolea, kimo kwenye sabuni ya unga, kimo hata kwenye maji tunayokunywa. Lakini pasipo na hewa, chini kwenye tope, kuna vijidudu vinavyoivua salfeti oksijeni yake ili vyenyewe vipate kuishi. Kinachobaki ni salfaidi. Vyakula vikioza humohumo, hasa damu na nyama, navyo vinatoa salfaidi yake. Ukikanyaga tope la ziwani pale magugu yalipooza, yale mapovu yanayopanda na kukufanya uzibe pua ndiyo hayo. Darasani nilikuwa nasema, salfeti ni salfa yenye hewa, salfaidi ni salfa iliyonyimwa hewa. Walipenda sana. Nami nilijipenda sana nikisema.

Nyumba yetu iko Ilemela, juu ya mawe. Ni pazuri, upepo unapita, ziwa unaliona lote. Tatizo ni karo, lile shimo la maji taka. Gari la kunyonya maji taka haliwezi kupanda huku kwetu, linaishia barabarani kule chini na mpira wake haufiki. Kwa hiyo karo likijaa kila mtu anajua mwenyewe atafanyaje. Wapo wanaosubiri mvua kubwa wakafungulia, uchafu wote ukateremka kwa jirani wa chini, na ugomvi wake hauishi. Mimi nilisema katika nyumba yangu upuuzi huo hautafanyika, ng'o! Karo letu litasafishwa kistaarabu, kwa ndoo.

Na hilo karo halikuwa la choo tu. Nyuma ya nyumba nilikuwa na kibanda changu cha kukaanga sangara. Maji ya kuoshea samaki, damu, magamba, matumbo madogo madogo, vyote viliingia humo miaka minne. Nilijua maana yake. Bangili yangu ya fedha niliyopewa na mama yangu kule Bukoba nilikuwa naitundika msumarini bafuni, na katika wiki chache ikawa nyeusi tii. Mtu mwenye akili angejiuliza. Mimi nilimwita shemeji nikamwonyesha kwa maringo: "Unaona? Hii nyeusi ni salfaidi ya fedha. Gesi inapanda kwenye bomba kutoka karoni, inakula bangili." Akaigeuzageuza, akasema, "Kumbe hata choo chenu kimesoma."

Huyo shemeji alikuwa mtu wa namna hiyo. Alikaa Kisesa kwa mama yake, kazi yake kuchimba visima na mashimo, mikono kama makasia. Yeye Msukuma, mimi Mhaya, tena shemeji. Utani ulikuwa haupoi. Aliniita mke wetu. Alisema Mhaya akikosa wa kumsifu anasimama mbele ya kioo. Nami namwambia Msukuma akiona lifti anauliza ng'ombe wanaingilia wapi. Mume wangu ni mtu wa maneno machache, alikuwa anakaa katikati yetu akitabasamu. Nilimpenda yule kijana. Naandika hivyo wazi kwa sababu msibani sikuweza kulisema.

Alikuja Jumamosi asubuhi. Siku mbili kabla tulikuwa tumekodi mashine tukavuta maji yote, likabaki tope la chini, zito, la kufika magotini. Mfuniko ulikuwa wazi tangu siku hiyo. Mimi niliamini gesi yote imeshapaa. Sikufikiri kwamba tope lenyewe limeibana, na kwamba anayeingia na koleo ndiye atakayeifungulia.

Wachimba visima wana desturi yao. Kabla hawajashuka wanafunga taa ya chemli kwenye kamba, wanaiteremsha ikiwaka mpaka chini, wanahesabu polepole. Ikizimika, hakuna anayeshuka. Ikiendelea kuwaka, chini kuna hewa. Alifundishwa na baba yake, na baba yake na wengine, na kisimani desturi hiyo imeokoa watu wengi, maana kisimani kinachoua ni hewa kukosekana. Aliishusha taa. Tukainama wote watatu. Ilikaa kule chini imewaka vizuri, mwali wake umesimama wima.

Akanigeukia, anacheka. "Haya mke wetu, taa yangu imekubali. Kitabu chako kinasemaje?"

Heri kujikwaa kidole kuliko kujikwaa ulimi. Ningesema sijui, angekuwa hai. Ningesema tusubiri Jumatatu nimuulize mtu, angenitania wiki nzima na angekuwa hai. Lakini mimi nijue kunyamaza! Nilimjibu, "Kitabu kinasema pua yako ndiyo kipimo. Mayai viza yakizidi, panda haraka. Yakipungua, endelea."

Hakuna kitabu kilichosema hivyo. Kitabu kinasema inanuka kama mayai viza, basi, nukta. Yale mengine niliyaongeza pale pale, mikono yangu ina unga wa ngano, kwa sababu aliuliza na mimi nina jibu la kila kitu.

Mume wangu alitaka amfunge kamba kiunoni. Akakataa, eti yeye si mbuzi wa mnadani. Akaingia kwa ngazi, taa ikabaki humo ndani imetundikwa kwenye msumari. Mume wangu akashika kamba ya ndoo. Mimi nikarudi kibandani, hatua kama kumi hivi kutoka karoni, nikiwa nawageuza samaki na kusikiliza. Ndoo ya kwanza ikapanda, harufu ikaja mpaka kwenye karai, nikatema mate. Kutoka chini sauti yake ikaja: "Nyie mnakula nini humu ndani? Hii ni dhambi!" Ndoo ya pili. Ya tatu. Alikuwa anakohoa na kutukana, anatukana na kucheka. Nikamwita, "Umezidiwa? Panda!" Akasema bado anaweza. Nilisikia koleo linavyolichota tope.

Baada ya ndoo ya nne akaita. Sauti ilikuwa nzito kidogo, kama ya mtu aliyeamshwa.

"Shemeji! Harufu imekata!"

Nilifurahi. Hilo ndilo linalonitesa, kwamba nilifurahi, maana nilichotabiri kimetokea. Nikajibu kwa sauti kubwa hata majirani wasikie, "Safi sana! Basi endelea!"

Ndoo ya tano ilipanda nusu. Ya sita haikupanda. Mume wangu alivuta kamba ikaja nyepesi, ndoo tupu inagonga ukuta. Akamwita jina mara mbili, mara ya tatu akamwita kwa jina la utotoni. Nilipofika pale na kuinama niliona taa bado inawaka. Inawaka vizuri, mwali umesimama, na mwanga wake unamwangukia mgongoni. Alikuwa amelala kifudifudi kwenye tope, koleo bado mkononi.

Mume wangu akavua ndala, mguu mmoja tayari uko kwenye ngazi. Hapo ndipo kichwa changu kilipofunguka, kimechelewa. Chuoni, miaka mingi nyuma, mwalimu wetu mmoja alisema jambo akiwa anakusanya vitabu vyake aondoke, wala halikuwa la mtihani, sikuliandika: gesi hii ikiwa kidogo unainusa, ikizidi inaua pua kwanza, kisha mwenye pua. Harufu ikikata ghafla, hujapona, umeshashikwa.

Nilimrukia mume wangu. Nilimshika shati likachanika, nikamshika mkanda. "Usishuke! Utakufa! Mtakufa wote wawili!" Akanisukuma nikaanguka kwenye mawe, nikamshika mguu. Alinitukana tusi ambalo hajawahi kunitukana. Jirani yetu, mama mmoja wa Kijita mwenye mwili wake, alikuja mbio kwa kelele zangu. Hakuuliza. Alimkumbatia kwa nyuma akamwangusha, akamkalia. Mwanamume mzima amekaliwa na mama jirani, analia kama mtoto, anagonga kichwa chini, "Ni mdogo wangu! Ni mdogo wangu yule!" Na mimi nimemshika miguu, na kule chini kimya.

Zimamoto waliliacha gari barabarani wakapanda kwa miguu, mitungi mgongoni, wanahema. Walivaa barakoa zao, wakashuka, wakamtoa. Mkubwa wao aliuliza mlijuaje msishuke, kwa kawaida tunatoa wawili au watatu. Jirani akaninyooshea kidole: "Huyu ni mwalimu wa kemia." Yule bwana akasema hongera mama, umeokoa mtu. Nilitamani ardhi inimeze.

Usiku ule nilimweleza mume wangu yote: nilichosema kwanza, alichoita mdogo wake, nilichomjibu. Alisikiliza mpaka mwisho. Akasema neno moja tu, kwamba alisikia pia, alikuwa ameshika kamba, na kwamba naye alidhani ni habari njema. Kisha akageukia ukutani.

Tulizika Kisesa. Mama mkwe wangu alikaa chumbani kwenye mkeka, na kina mama wamemzunguka. Nilikuwa nimejiandaa. Tangu tulipoondoka Ilemela nilikuwa nimejiambia akiniuliza nitasema kweli, anifukuze, anilaani, anipige mbele za watu, nitakubali. Siku ya tatu aliniita nikae karibu yake. Nikamwamkia, akaitikia marahaba, akanishika mkono.

"Mayu," akasema, ndivyo anavyotuita sisi wakwe zake, "wanasema alikuwa anaongea na mtu. Ni kweli?"

"Ndiyo mama. Na mimi."

"Alisema nini mwisho?"

"Alisema harufu imekata."

"Na wewe ukamjibuje?"

"Nikamwambia, safi sana. Basi endelea."

Nikasubiri. Nilimwona anayapanga maneno yale kichwani, anayarudia kwa midomo bila sauti. Kisha mabega yake yakashuka, akaanza kulia kilio kingine, cha chini, cha mtu aliyetuliwa mzigo.

"Ahsante Mungu wangu," akasema. "Siku tatu sijapata usingizi, mwanangu amekufa na ule uvundo puani. Mtoto niliyemwogesha mwenyewe. Kumbe ulimwondoka. Kumbe Mungu alimwondolea kwanza, ndipo akamchukua. Na wewe ukampa neno jema la kwendea."

Nilifungua mdomo. Naapa niliufungua. Nilikuwa na sentensi yote tayari, kwamba mama, harufu ilikata kwa sababu ilikuwa inamuua, na neno nililompa ndilo lililomzuia kupanda ngazi. Nikamtazama uso wake, nikaufunga. Mara moja maishani nilinyamaza, na sijui hata leo kama ilikuwa huruma au woga.

Tangu hapo kila mgeni aliyeingia kutoa pole alionyeshwa mimi. "Huyu ndiye aliyeongea na mwanangu mwisho. Harufu ilikuwa imemtoka kabisa. Akamwambia, safi sana." Wakawa wanakuja mmoja mmoja, wazee kwa vijana, wananishika mkono kwa mikono miwili. Asante mama. Asante sana mwalimu, umetufariji. Nami nikawa nawapa mkono, nitafanyaje.

Jioni ya siku ile mume wangu aliingia kumuaga mama yake, kwa kuwa kesho yake asubuhi tungerudi mjini. Mama akamrudishia hadithi ile ile kutoka mwanzo, naye akasimama akaisikiliza mpaka mwisho bila kukatiza. Mama akasema, "Mshukuru mke wako." Chumba kizima kikamtazama. Akaja mpaka nilipokaa, akainama, akanishika mkono kwa mikono miwili kama wageni walivyofanya. Mikono ilikuwa baridi.

"Asante, mwalimu," akasema.

Tangu tuoane alikuwa hajaniita hivyo, na tangu siku ile hajaniita kwa jina jingine.