Bahasha ya Mahakama Aliyoificha Mjomba

Admin, nifichie jina. Mimi ni mjane wa miaka sitini na tano, fundi cherehani, naishi Mutsamudu katika visiwa vya Komoro. Kiswahili nilikipata kwa wateja wangu wa Zanzibar, kwa hiyo nikikosea mnivumilie.

Nilizaliwa Madagaska. Wakomoro wenzetu walipouawa kule, tukarudishwa Komoro kwa ndege, na watu wakatupa jina la hiyo ndege, kana kwamba hatukuzaliwa na mtu. Nilikuwa na miaka kumi na sita na cherehani ya marehemu mama. Mjomba wangu, kaka yake mama, akanipokea nyumbani kwake Moroni. Akanilea, akaniozesha. Wema wake siukatai, na ndio unaoniuma zaidi.

Ilikuwa miaka ile ya mamluki, Wazungu wa kukodiwa waliokuwa na nchi mkononi. Kulikuwa na kijana mwenzetu akiwatumikia. Nitamwita Bwana Harusi, mtaelewa mbele. Siku ya Ijumaa alinitupia suruali za mabwana zake, akataka ziwe tayari kabla ya alasiri. Nikamwambia, "Kaka, ngoja kwanza watu watoke msikitini." Alinipiga makofi mawili, sikio la kushoto likatoka damu. Mpaka leo sikio hilo halisikii.

Nilikwenda kumshtaki. Majirani walinicheka: "Unamshtaki mtu wa Wazungu? We mgeni una wazimu!" Mahakama ikapokea malalamiko yangu, nikaambiwa nisubiri barua ya wito.

Kabla haijaja, mume wangu akafa kwa homa. Nikaingia eda, miezi minne na siku kumi ndani, sionani na mwanamume asiye maharimu wangu. Kila kilichonihusu nje kilipita mkononi mwa mjomba, ndiyo desturi. Nikamwambia, "Mjomba, wito ukija unipe, au nenda ukawaambie niko eda." Akanijibu, "Tulia mwanangu, mimi nipo."

Nilipotoka eda nikaenda mahakamani kuuliza. Karani akafungua kitabu. "Mama, shauri lako limefutwa. Siku ya kesi mshtakiwa alifika, wewe mlalamikaji hukufika."

Nikamwambia nilikuwa eda. Akasema ni sababu nzuri, shauri linaweza kurudishwa, lakini mbona sikuleta taarifa? Wito umepokelewa, na sahihi ni ya mjomba wangu. "Mlete aseme hakukufikishia, hakimu atalirudisha."

Nilirudi mbio kwa furaha, mjinga mimi. Mjomba alivaa kanzu safi, tukaenda pamoja. Akasimama mbele ya hakimu, akasema kwa upole, "Nilimpa mkononi. Msamehe, msiba umemvuruga akili." Ombi langu likakataliwa palepale.

Baada ya miezi michache nikajua kwa nini. Bwana Harusi alikuwa amemposa binti wa mjomba, ikapigwa ndoa kubwa ya kikwetu, ng'ombe, dhahabu, ngoma wiki nzima. Mkwe hawezi kuwa na kesi! Na mimi, jamani, nilishona nguo za hiyo harusi kwa cherehani ileile. Kikulacho ki nguoni mwako, mimi hiyo nguo niliishona mwenyewe. Ngoma zilipoisha nikahamia Mutsamudu, kwao marehemu mume wangu.

Mwezi uliopita mjomba aliniita Moroni. Ni mzee sana, yuko kitandani. Akatoa bahasha chini ya mto, ina jina langu na muhuri wa mahakama, gundi haijabanduliwa. Akanong'ona. Nikamwambia arudie, maana alikuwa upande wa sikio bovu.

"Nipe radhi, mwanangu. Kisha uichome. Mumewe dada yako ni mtu wa heshima sasa, usimvunjie nyumba."

Nikaichukua, nikarudi nayo Mutsamudu. Mwanasheria ameniambia muda wa kulirudisha shauri ulishapita zamani. Basi bahasha haina kazi mahakamani. Ina kazi kwa watu tu, wale waliosema mgeni yule kamsingizia mtoto wa watu, tena siku ya kesi kakimbia. Bwana Harusi sasa anakaa safu ya mbele msikitini na watu wanambusu mkono.

Nina hasira, sifichi. Lakini mjomba ndiye aliyenipa paa nilipokuwa sina kwetu.

Binti yake ananipigia kila siku, analia. "Dada, tamka tu radhi, baba hawezi kupumzika." Jana nilimuuliza kama anajua radhi ya nini. Akasema hajui, baba hataki kumwambia. Bahasha iko kwenye droo ya cherehani, sijaifungua. Nikimwonyesha, nyumba yake inaingia moto na yeye hana kosa. Nikiichoma, nitakufa nikiitwa mwongo. Nikinyamaza, mzee atakwenda bila radhi yangu, na kuna siku moyo wangu unaniambia aende hivyohivyo.

Ndugu zangu, hasa mliowahi kudhulumiwa na mtu aliyewalea, niambieni nifanye nini. Msichelewe, mzee hana siku nyingi.